Pafu la kutupwa: sheria ya Ubelgiji juu ya vepu, na kibanda cha jirani

Tulikuwa kwenye kilio mjini Goma, katika ua wa nyumba ambamo watu wetu waliotoka Muheto wamebanana tangu vita viwaondoe Masisi. Mtoto wa dada yangu alikuwa ametoka Liège kuja kumzika babu yake. Usiku wa pili, wazee wakiwa wamezunguka moto, kijana alijitenga nyuma ya nyumba, na mara hewa ikajaa harufu ya embe. Bibi yake, ambaye amevuta tumbaku ya kiko tangu ujana, aliinua kichwa akauliza ni nani anayekula maembe gizani bila kuwagawia wenzake.

Kijana akarudi na kitu mkononi. Bibi akakigeuza na kukigeuza tena. Kilikuwa chekundu cha kung'aa, kinene kama kidole gumba, hakina moto wala majivu. «Hii ni stilo?» Hapana, Bibi, ni vepu, sigara ya kielektroniki. Hii ya kuvuta mpaka iishe kisha unaitupa, vijana wa kule wanaiita pafu. Bibi akanyamaza kidogo. Neno hilo vijana wa Ubelgiji na Ufaransa wamelitoa kwenye mlio wa mvuto mmoja wa moshi, lakini sikio la Mswahili linasikia kiungo kilichomo kifuani. Kisha akauliza swali ambalo limenifanya niandike ukurasa huu: «Na huko Bulaya, Leta inawaruhusu?» Leta kwetu ni serikali.

Kazi yangu ni sheria za afya, kwa hiyo swali liligeukia kwangu. Nilijibu kwa ufupi, kama mtu anavyojibu kilioni. Jibu refu ni hili.

Tuanze na kitu chenyewe, maana sheria nyingi zimeteleza hapo. Ndani ya vepu mna betri, waya mwembamba, na pamba iliyolowa kimiminika. Mtu akivuta, betri inaupasha waya joto, na kimiminika kinageuka ukungu wa matone madogo sana yanayoshuka mapafuni. Kimiminika hicho kwa kawaida kina propileni glaikoli, gliserini, viungo vya ladha, na nikotini, ile ile inayomfunga mvuta sigara asiweze kuacha. Hakuna jani linaloungua. Aliyekifanya kiwe bidhaa ya kuuzika ni mfamasia Mchina, Hon Lik, mwaka 2003, na alikuwa anatafuta njia ya mvuta sigara kupata nikotini bila ule moshi wa tumbaku.

Kwa kuwa jani haliungui, hakuna lami ya tumbaku wala hewa ya kaboni monoksidi inayotoka kwenye moto wa sigara. Ndiyo maana mtu mzima aliyevuta paketi nzima kwa siku miaka 20, akaacha sigara kabisa na kushika vepu peke yake, anapunguza sumu anayoiingiza mwilini. Baraza Kuu la Afya la Ubelgiji lilisema hivyo mwaka 2022, na tafiti zilizolinganisha njia za kuacha sigara zinaonyesha kuwa vepu yenye nikotini inawasaidia baadhi ya watu kuliko plasta au bazoka za nikotini. Nasema hivi waziwazi kwa sababu sitaki kumtisha mvuta sigara anayetafuta mlango wa kutokea.

Ila kijana wa miaka 14 ambaye hajawahi kuvuta chochote hatoki popote. Yeye anaingia. Nikotini inaushika ubongo unaokua kwa nguvu kuliko ule uliokomaa, na ubongo wa binadamu unaendelea kukomaa mpaka karibu na miaka 25. Viwanda pia vimejifunza kuchanganya nikotini na asidi ili iwe chumvi, isikwaruze koo. Sigara ya kwanza humkoholesha mtoto, na kikohozi hicho kilikuwa kinga ya namna fulani. Mvuke wa embe wenye chumvi ya nikotini hauna kikohozi.

Sasa sheria. Ubelgiji iko ndani ya Umoja wa Ulaya, na Umoja huo ulipitisha mwaka 2014 mwongozo mmoja juu ya bidhaa za tumbaku, ulioanza kutumika Mei 2016. Vepu ina kifungu chake humo. Kimiminika kisizidi miligramu 20 za nikotini kwa kila mililita. Tangi la kifaa lisizidi mililita 2. Kichupa cha kujazia kisizidi mililita 10, kiwe na kifuniko ambacho mtoto hawezi kukifungua, na pakiti iandikwe onyo kwamba nikotini inamfanya mtu kuwa mtumwa wake. Mtengenezaji anayetaka kuingiza bidhaa mpya sokoni lazima aiarifu serikali miezi sita kabla, akitaja viungo vyote. Ukiona vepu ya kutupwa ya Ulaya imeandikwa mivuto 600 hivi, chanzo ni kile kikomo cha mililita 2. Marekani haina kikomo kama hicho cha nikotini, na huko kuna bidhaa zilizouzwa zikiwa na zaidi ya miligramu 50 kwa mililita. Zote mbili zinaweza kufika kwetu ndani ya sanduku moja, na kwa macho hazitofautiani.

Mwongozo huo ni sakafu tu. Kila nchi iliachiwa kujenga kuta zake, na Ubelgiji imejenga kuta ndefu.

Kwanza, kununua. Tangu tarehe 1 Novemba 2019, hakuna wa kumuuzia tumbaku wala vepu mtu asiyetimiza miaka 18. Kabla ya hapo ilikuwa 16. Muuzaji akiwa na shaka anadai kitambulisho. Kuuza vepu kwa njia ya intaneti ni marufuku: duka haliwezi kumtumia mteja kifurushi nyumbani, maana mtu wa posta hawezi kuwa mlinzi wa umri. Tangu Aprili 2025, sigara na vepu hazionyeshwi tena dukani. Lazima ziwe kabatini au nyuma ya pazia, mteja azitaje kwa jina. Na maduka makubwa ya vyakula, yale yanayozidi mita za mraba 400, hayaruhusiwi kuziuza kabisa. Anayekwenda kununua maziwa na mkate pamoja na mtoto wake hakutani nazo.

Kisha likaja lile lililoipa Ubelgiji jina. Tarehe 1 Januari 2025 ilikuwa nchi ya kwanza katika Umoja wa Ulaya kukataza uuzaji wa vepu za kutupwa. Waziri wa Afya, Frank Vandenbroucke, alilisukuma jambo hilo miaka kadhaa, na ilibidi Tume ya Ulaya ikubali kwanza, kwa kuwa nchi moja kufunga soko kwa bidhaa ambayo jirani zake wanaiuza si jambo dogo ndani ya Umoja ule. Ufaransa ilifuata kwa sheria ya Februari 2025, na Uingereza, ambayo imekwisha kutoka katika Umoja, ikafunga mlango wake Juni 2025. Vepu ya kujazwa, yenye betri ya kuchajiwa, bado inauzwa kihalali. Marufuku inamlenga anayeuza. Kijana wetu aliletewa kifaa chake na rafiki kutoka nchi jirani.

Vifuko vidogo vya nikotini, vile vya kubana chini ya mdomo, vilikatazwa mapema zaidi, Oktoba 2023. Wabelgiji waliona kitu kile kile kikibadili sura, wakakifuata kule kilikokimbilia.

Kuhusu kutumia, sheria ya Ubelgiji ni fupi na ina akili. Sheria ya tarehe 22 Desemba 2009 juu ya mahali pasipo na moshi haikuishia kutaja tumbaku. Ilitaja pia bidhaa zinazofanana nayo. Maneno hayo machache yalifanya kazi kubwa. Vepu ilipoenea, hakuna aliyehitaji kurudi bungeni kubishana kama mvuke ni moshi. Pale ambapo sigara imekatazwa, vepu nayo imekatazwa: kazini, mgahawani, katika baa, ndani ya basi na treni, na tangu Juni 2023 hata kwenye jukwaa la wazi la kituo cha treni. Tangu tarehe 31 Desemba 2024 marufuku imetoka nje zaidi, ikafika viwanja vya michezo ya watoto, bustani za wanyama, viwanja vya michezo wakati mashindano yanaendelea, na mita 10 kutoka mlango wa shule, hospitali, maktaba au nyumba ya wazee. Ndani ya gari lenye mtoto, Flandria na Walonia zote mbili zimekataza. Mzazi wa Kikongo anayeishi Liège au karibu na Matonge ya Brussels, akimngojea mtoto wake nje ya geti la shule huku anavuta vepu, anavunja sheria hata kama amesimama barabarani.

Nimekaa kwenye kifungu hicho cha «bidhaa zinazofanana» kwa sababu huku kwetu Afrika ya Mashariki tumeona kinachotokea kinapokosekana. Kenya ilipata Sheria ya Kudhibiti Tumbaku mwaka 2007, sheria nzuri kwa wakati wake, iliyoandikwa kwa ajili ya kitu kilichotengenezwa kwa tumbaku. Mwaka 2019 vifuko vya nikotini vya Lyft viliingia sokoni Kenya vikiwa vimesajiliwa chini ya sheria ya dawa na sumu. Oktoba 2020 Waziri wa Afya, Mutahi Kagwe, alisema usajili huo ulikwenda kinyume cha sheria. Mwaka mzima ulipotea kwenye swali la jina: je, hiki ni dawa, au ni tumbaku? Watoto hawakungojea jibu.

Shisha ilikuwa imetufundisha somo jingine la sheria. Kenya iliipiga marufuku Desemba 2017. Januari 2024 mahakama ya Shanzu, Mombasa, ikasema marufuku ile haikuwa na nguvu, kwa kuwa kanuni zake hazikupelekwa bungeni kama ilivyotakiwa. Watu walioshtakiwa wakaachiliwa. Katazo linaweza kuwa na sababu zote za afya duniani, lakini hatua moja ya utaratibu ikirukwa, hakimu hana namna.

Uganda ilikwenda njia nyingine kabisa. Sheria yake ya Kudhibiti Tumbaku ya mwaka 2015, iliyoanza kazi Mei 2016, haikuhangaika na miligramu wala mililita. Ilikataza sigara za kielektroniki zote: kuzitengeneza, kuzileta nchini, kuzisambaza, kuziuza. Shisha na tumbaku yenye ladha ziliingia katika katazo hilo hilo. Umri wa kununua sigara ya kawaida ukawekwa kwenye miaka 21, na uvutaji ukasogezwa mita 50 kutoka mahali pa umma. Kampuni ya BAT Uganda ilikwenda Mahakama ya Katiba kupinga sheria hiyo, na Mei 2019 ombi lake likatupwa. Kwa hiyo jirani yetu anayepakana nasi Bunagana na Kasindi ana sheria kali kuliko ya Ubelgiji. Mtu wa Kivu anayefikiri kwamba Ulaya ndiyo iliyotangulia katika jambo hili, amepishana na ukweli kwa miaka minane na zaidi.

Kwa hesabu ya Shirika la Afya Duniani, mwishoni mwa 2023 nchi 34 zilikuwa zimekataza uuzaji wa vepu, na 74 hazikuwa na kanuni yoyote juu yake. Katikati ndipo walipo Wabelgiji, wenye ruhusa iliyobanwa kila upande.

Na Kongo? Nchi yetu iliridhia mwaka 2005 Mkataba wa Mfumo wa Kudhibiti Tumbaku, ule wa Shirika la Afya Duniani. Sheria ya tarehe 13 Desemba 2018 juu ya misingi ya afya ya umma imeigusa tumbaku, na sheria ya Januari 2009 ya kumlinda mtoto inatamka wazi kwamba mtoto ni kila mtu ambaye hajatimiza miaka 18. Nyenzo za kuanzia zipo. Lakini nisome mkataba ule kwa macho ya mtu wa Muheto, sio kwa macho ya wakili wa Kinshasa.

Kifungu cha 16 cha mkataba huo kinazitaka nchi zikataze kuwauzia watoto tumbaku. Kisha kinaongeza jambo ambalo wengi wanaliruka: nchi zijitahidi kukataza uuzaji wa sigara moja moja, au katika pakiti ndogo, kwa kuwa bei ndogo inaileta sigara karibu na mtoto. Hapo ndipo nilipomkumbuka jirani mmoja wa zamani mwenye kibanda. Paketi moja imefunguliwa, sigara zimesimama ndani ya kopo, kiberiti kimefungwa kwa kamba pembeni. Mtoto aliyetumwa chumvi anabaki na chenji ya franka mia chache. Paketi nzima hawezi kuinunua, lakini kipande kimoja anaweza, na moto unatolewa bure.

Soma tena sababu walizotoa Wabelgiji walipokataza vepu ya kutupwa. Walisema ni rahisi kwa bei, haihitaji kununua kifaa wala kichupa wala chaja, inaingia mfukoni, inapendeza machoni, na inaacha takataka ya hatari. Vepu ya kujazwa inamtaka mtu atoe fedha nyingi siku ya kwanza, ajifunze kuijaza, aichaji. Mtu mzima anayetaka kuacha sigara atafanya hayo yote. Mtoto mwenye yuro chache za mfukoni hatafanya. Kwa hiyo kilichofungwa Brussels ni ule uwezekano wa kuanza kwa sarafu chache bila kujifunga na chochote, na huo ndio uwezekano ambao kopo la sigara moja moja linampa mtoto wetu kila siku. Pafu la kutupwa na kipande cha sigara ni ndugu wa tumbo moja. Uganda ililiona hilo. Sheria yake iliyokataza vepu ndiyo hiyo hiyo iliyokataza kuuza sigara kwa kipande.

Ndiyo maana sikubaliani na wanaosema kwamba mambo ya vepu ni ya watu wa Bulaya, na kwamba sisi wenye vita na kipindupindu tuyaache kwanza. Najua uzito wa hoja yao. Masisi-kati iliingia mikononi mwa waasi wa M23 Januari 2025, Goma yenyewe ilianguka mwezi huo huo, na kwenye barabara moja mtu anaweza kulipa ushuru kwa wenye bunduki wawili wasiotambuana. Nani atapima mita 10 kutoka geti la shule ambayo madarasa yake yamelaza wakimbizi? Lakini kijana aliyekaa kambini bila shule na bila shamba ndiye mteja anayetafutwa na kila kitu kinachouzwa kwa kipande. Njaa ya kufanya kitu ni kubwa pale. Na kwa kopo la kibandani huhitaji mkaguzi kutoka wizarani. Nimewahi kumwona mama mmoja mwenye kibanda akilitoa kopo lake mbele ya vitu vya watoto, akaliweka chini ya meza, karibu na miguu yake, kwa sababu tu mwalimu wa jirani alimwomba. Sheria ya Aprili 2025 ya Ubelgiji inataka jambo hilo hilo.

Kuna sehemu nyingine ya hadithi ambayo Mkongo hana ruhusa ya kuipita haraka. Nilimwomba kijana anipe kile kifaa kilichokwisha, na kesho yake mchana, mbele ya wajomba wawili, nikakikagua kwa nje, bila kukipasua, maana kupasua betri ya namna hiyo ni kuita moto. Betri ya lithiamu iliyomo ndani inaweza, kwa asili yake, kuchajiwa mara mamia. Watengenezaji wanaiweka ndani ya kifaa kisicho na tundu la chaja, itumike mara moja, itupwe. Shirika la Material Focus la Uingereza lilikadiria mwaka 2023 kwamba vepu za kutupwa karibu milioni 5 zilikuwa zinatupwa kila wiki katika nchi ile moja. Betri ndogo za namna hiyo mara nyingi zina kobalti, na zaidi ya theluthi mbili ya kobalti inayochimbwa duniani inatoka Kongo, upande wa Kolwezi na Likasi.

Sisi wa Masisi kobalti si yetu. Yetu ni koltani ya Rubaya. Lakini tunajua shimo ni nini. Tunajua kijana anavyoshuka na taa kichwani, tunajua kilio cha udongo ulioporomoka, tunajua magunia yanavyopanda mgongoni. Kusikia kwamba madini ya nchi hii yanapanda meli, yanakwenda kufungwa ndani ya plastiki yenye harufu ya embe, yanavutwa mara 600, kisha yanatupwa kwenye nyasi za bustani ya Brussels, kunaniuma kwa namna ambayo hoja za mapafu peke yake hazinifikii. Wabelgiji waliitaja takataka kama mojawapo ya sababu za katazo lao, na walikuwa sahihi. Ningependa siku moja sababu hiyo itajwe pia kwa jina la aliyechimba.

Takataka hiyo ina hatari yake hata huku. Vijijini na kambini tunachoma uchafu. Betri ya lithiamu ikitupwa motoni inaweza kulipuka na kutema vipande, na moshi wake ni sumu. Kimiminika kilichobaki ndani nacho si cha kuchezewa: nikotini ni sumu kwa mtoto mdogo akiimeza, hata kiasi kidogo, na inaweza kupenya ngozi. Mtoto akikiweka mdomoni, asilazimishwe kutapika. Apanguswe mdomo, ngozi ioshwe kwa maji mengi, apelekwe kituo cha afya pamoja na kifaa chenyewe ili muuguzi asome kilichoandikwa.

Nimalizie na mambo ya safari, kwa kuwa wengi wa wasomaji wangu wana mtu kule, na mtu wa kule hurudi. Vepu na betri zake haziingii kwenye sanduku linalokwenda tumboni mwa ndege. Kanuni za kimataifa za usafiri wa anga zinataka zikae kwenye begi la mkononi, na kuvuta au kuchaji ndani ya ndege ni marufuku. Anayepita Entebbe ili avuke Bunagana au Kasindi akumbuke kwamba Uganda imekataza kuingiza vepu nchini, hata kama risiti yake ni ya duka halali la Liège. Na mzazi aliyeko Goma akiombwa na mtoto wake amtumie mtu wa Ubelgiji fedha za kununua vepu kwenye mtandao, ajue kwamba duka lolote la Ubelgiji linalokubali kumpelekea mteja kifurushi hicho limekwisha kuvunja sheria ya nchi yake. Afadhali asiliamini hata kwa bidhaa nyingine.

Siku ya kurudi kwake, kijana alitaka kukiacha kile kifaa kwenye lundo la taka nyuma ya ua. Bibi hakukubali. Alikuwa amesikia habari ya betri na moto, na ndani ya ua ule wanalala watoto 11. Kijana akaniuliza, «Mjomba, sasa nikifanye nini?» Nikamwambia kwamba kwenye maduka ya Ubelgiji kuna visanduku vya kukusanyia betri zilizokwisha, na kwamba muuzaji wa vifaa vya umeme ana wajibu wa kuvipokea vilivyokufa. Akakifunga ndani ya soksi, akakitia kwenye begi lake la mkononi, chini ya kitambaa cheusi alichovaa makaburini. Bibi akamshika mkono kabla hajapanda pikipiki. Akamwambia akifika atume ujumbe kwamba amefika salama, kisha atume mwingine kwamba na kile kitu kimefika.